Uwele si Chakula cha Njaa

Ndugu zetu, uwele tunaulima hapa Dodoma, lakini wengine wetu tunaudharau. Tunasema ni chakula cha njaa. Huko Gujarat, India, kwenye sehemu kavu kama kwetu, watu huula kwa furaha. Huoka mikate ya viungo iitwayo dhebra. Haya, nasi tuioke.

Tuchukue vikombe 2 vya unga wa uwele na nusu kikombe cha unga wa ngano. Tutie majani ya uwatu yaliyokatwakatwa. Tukiyakosa, mchicha unafaa. Tutie tangawizi, pilipili, manjano, ufuta na chumvi. Tukande kwa mtindi, kidogo kidogo. Unga wa uwele haunati kama wa ngano, basi tuubonyeze polepole kwa kiganja juu ya kitambaa kibichi. Tuoke pande zote mbili kwa mafuta kidogo.

Tusisahau: unga huu una mafuta, ukikaa huwa mchungu. Tusage wa siku chache tu. Nafaka ibaki ghalani. Mvua ikipungua, mahindi yakakauka, uwele huvumilia. Je, bado tutaudharau?