Ushuhuda wa Wasio na Cheo: Wapietisti na Fikra za Kanisa Ulaya

Msikilizaji, historia ya Kanisa katika Ulaya ya karne za karibuni husimuliwa mara nyingi kama ugomvi wa pande mbili: huku akili na sayansi, kule imani na mapokeo, na imani ikirudi nyuma hatua kwa hatua. Masimulizi hayo yanawaacha pembeni watu walioibadili Ulaya ya Kikristo kuliko wengi wanaotajwa vitabuni. Nawazungumzia Wapietisti wa Ujerumani, Wakristo wa karne ya 17 na ya 18 waliohimiza toba, Biblia mkononi mwa kila muumini, na mwenendo unaolingana na maungamo ya kinywa. Wengi huwaona kuwa ni watu wa machozi na nyimbo waliokimbia kufikiri. Mimi nashikilia kwamba wao ndio waliohamisha mamlaka ya kunena juu ya Mungu, wakaitoa kwa mwenye joho na cheo na kumpa muumini wa kawaida anayesimulia aliyotendewa. Mijadala mikubwa ya teolojia ya Ulaya katika karne mbili zilizofuata imetokana na hatua hiyo.

Vita vya Miaka Thelathini, vya mwaka 1618 hadi 1648, viliiacha Ujerumani imechoka. Katika nchi za Kilutheri mchungaji alikuwa kama mtumishi wa mtawala, na vyuo vikuu viliwafundisha vijana namna ya kuwashinda Wakatoliki na Wakalvini kwa hoja kuliko namna ya kumfariji mjane. Mwaka 1670, mjini Frankfurt, mchungaji Philipp Jakob Spener alianza kukusanya watu nyumbani kwake wasome na kuzungumza mambo ya imani. Mwaka 1675 akatoa kitabu kidogo, Pia Desideria, akipendekeza kwamba ukuhani wa waumini wote uwe jambo la kutendwa. Luther alikuwa ameufundisha tangu karne ya 16, lakini kwa sehemu kubwa ulibaki karatasini. Mfuasi wa Spener, August Hermann Francke, alianzisha shule ya watoto maskini huko Halle mwaka 1695. Alipofariki mwaka 1727, shule zake zilikuwa na wanafunzi zaidi ya 2,000. Halle hiyohiyo ikaanza mwaka 1710 kuchapisha Biblia za bei nafuu. Fundi viatu aliyeweza kuinunua na kuisoma hakuhitaji tena ruhusa ya mtu ili aulize swali.

Mahali pa kutazama kwa makini zaidi ni Herrnhut, kijiji cha Saxony kilichoanzishwa mwaka 1722 na wakimbizi wa imani kutoka Moravia, katika ardhi ya kabaila Nikolaus Ludwig von Zinzendorf, ambaye Spener alikuwa baba yake wa ubatizo. Mwanzoni wakimbizi hao waligombana vibaya. Baada ya Meza ya Bwana ya tarehe 13 Agosti 1727 walipatana, na wakajipangia maisha ya pamoja ambayo Ulaya ilikuwa haijayazoea. Waliomba kwa zamu, saa baada ya saa, mchana na usiku. Waligawanyika katika makundi ya wajane, waseja, wanandoa na watoto, na kila kundi lilijiangalia lenyewe. Mwaka 1730 walimchagua Anna Nitschmann, msichana wa miaka 14 kutoka familia ya wakulima, kuwa mzee mkuu wa wanawake. Wakajenga pia desturi ya kila mshirika kuandika maisha yake ya kiroho, yasomwe siku ya mazishi yake. Hifadhi ya Herrnhut ina maelfu ya maandiko hayo, ya mafundi, wajakazi, wakulima, na hata ya watu waliokuwa utumwani ng'ambo. Ulaya ambayo kwa kawaida iliandika maisha ya wafalme na watakatifu ilianza kutunza maisha ya mfumaji kama chanzo cha kumjua Mungu. Kwangu mimi hilo ni tukio kubwa katika historia ya fikra, hata kama hakuna profesa aliyelitangaza.

Profesa alikuja baadaye, naye alitoka katika shule zao. Friedrich Schleiermacher, aliyezaliwa Breslau mwaka 1768, alisoma kwa Wamoravian, yaani jumuiya hiyo ya Herrnhut, huko Niesky na Barby. Aliondoka mwaka 1787 akiwa amejaa mashaka juu ya mafundisho yao, lakini mwaka 1802 aliandika kwamba amerudi kuwa Mherrnhut, ila wa daraja la juu zaidi. Katika kitabu chake kikuu cha mwaka 1821 na 1822 alieleza kwamba imani huanzia katika hisia ya kumtegemea Mungu kabisa, na kwamba mafundisho ya Kanisa ni maelezo ya yale ambayo jumuiya ya waumini huyapitia. Huo ndio utaratibu wa Herrnhut uliopandishwa hadi chuo kikuu: kwanza ushuhuda, kisha maelezo.

Kuna pingamizi, na si jepesi. Mwaka 1723 Wapietisti wa Halle walichangia kumfukuza mwanafalsafa Christian Wolff, aliyekuwa amesema kwamba Wachina walifikia maadili mema bila ufunuo wa Biblia. Mfalme wa Prussia alimpa saa 48 aondoke, la sivyo anyongwe. Je, hao si maadui wa fikra? Katika jambo lile walikuwa hivyo, nami siwatetei. Lakini tutazame kilichotokea: Halle iliingia katika ubaya huo ilipokuwa na sikio la mfalme, yaani ilipokuwa yenyewe imegeuka cheo.

Pingamizi la pili ni zito zaidi. Wamoravian walianza kazi katika kisiwa cha St. Thomas, koloni la Denmark katika Karibi, mwaka 1732, kati ya Waafrika waliofanywa watumwa kwenye mashamba ya miwa. Mwaka 1738 misheni yenyewe ilinunua shamba pamoja na watumwa wake, na Zinzendorf alipofika mwaka uliofuata aliwahimiza watumwa wawatii mabwana. Hapo ushuhuda wa moyo ulishindwa kufumbua macho ya watu wema. Hata hivyo, tusiwasikilize wamisionari peke yao. Mwaka 1739 mwanamke Mwafrika aliyeitwa Marotta, kwa niaba ya wanawake wenzake, alimwandikia malkia wa Denmark kulalamika kwamba wenye mashamba wanawazuia kumtumikia Bwana. Mwanamke aliyekuwa amebebwa kutoka Afrika Magharibi alijiona ana haki ya kuzungumza na malkia kwa jina la Mungu. Kanuni iliyowashinda wamisionari kuitimiza, yeye aliishika.

Kanuni hiyo ilifika kwetu pia. Johann Ludwig Krapf, aliyefika Mombasa mwaka 1844, alilelewa katika Upietisti wa Württemberg na kusomea Basel, na Wamoravian walianza kazi Rungwe mwaka 1891.

Mpinzani mkali kuliko wote ni mwanateolojia Mswisi Karl Barth. Oktoba 1914, wasomi 93 wa Ujerumani walitia saini tamko la kuvitetea vita vya serikali yao, na miongoni mwao Barth aliyaona majina ya walimu wake. Akahitimisha kwamba teolojia inayoanzia katika hisia ya mtu itaishia kumfanya mtu asikie sauti ya taifa lake na kudhani ni ya Mungu. Kuna ukweli hapo, maana Schleiermacher mwenyewe alihubiri uzalendo mimbarani Berlin mwaka 1813. Lakini waliotia saini walikuwa maprofesa wakinena na ulimwengu kwa heshima ya vyeo vyao, na hakuna mfumaji wala mjane aliyeulizwa. Huko Herrnhut hisia ya mmoja ilipimwa na kundi lake, na ya kundi ikapimwa na jumuiya nzima. Kipimo hicho ndicho kilichokosekana mwaka 1914. Barth naye hakuufunga mjadala. Mwaka 1968, mwaka aliofariki, alirudi kuandika juu ya Schleiermacher, akajiuliza kama kazi ya mtu yule aliyempinga maisha yake yote ingeweza kusomwa upya kama teolojia ya Roho Mtakatifu.