Bendi za Tabora Redioni
(Maneno yaliyosemwa mbele ya wanachama, Kitete)



Tuliombwa kusema juu ya bendi za dansi zilizopata umri mrefu kwa sababu ya redio. Mfano mashuhuri ni wa Uingereza: bendi ya Bwana Victor Silvester ilianza kutia nyimbo katika santuri mwaka 1935, ikavuma miaka mingi katika redio ya BBC, na mwenyewe alifariki mwaka 1978. Santuri zake zina jina na namba, wala hapana abishaye mwenyewe ni nani. Basi hayo yatosha, tuje kwetu.

Juzi tulihudhuria arusi hapa Kitete. Ukapigwa wimbo, wazee kwa vijana wakainuka. Tukauliza, wimbo huu ni wa nani? Mmoja akajibu, wa Kongo. Wa pili akasema, "Ah, ni zilipendwa tu." Nao ulikuwa Dada Asha, uliotungwa na marehemu Shem Karenga na kupigwa na Tabora Jazz, bendi ya mji huu huu! Kwa kweli tuliona haya.

Mabwana, njia ya wapagazi ya Ujiji na Bagamoyo ilipita hapa, na reli ikaifuata: ilifika Tabora mwaka 1912, na Kigoma mwaka 1914. Muziki nao ulisafiri humo, kwenda na kurudi. Karenga alitoka Kigoma akaja kujiunga na Tabora Jazz, wenye mtindo wao wa Segere Matata. Iddi Nhende, mtu wa Nzega, alishuka pwani, na mwaka 1959 akaanzisha Western Jazz huko Dar es Salaam. Jina hilo ni la Jimbo letu la Magharibi la zamani. Na kabla ya umaarufu wa Karenga, mji huu ulikuwa na Kiko Kids ya Salum Zahoro.

Sauti ya Dar es Salaam ilianza mwaka 1951, ikabadilishwa jina mwaka 1956, na mwaka 1965 ikawa Radio Tanzania. Siku hizo nchi yetu haikuwa na kiwanda cha kufyatua santuri. Mwenye kuitaka alitazama Nairobi. Kwa hiyo utepe uliorekodiwa studioni ndio uliokuwa daftari la bendi. Western Jazz ilivunjika katika miaka ya 1970, lakini Rosa yao yasikika hata leo. Bendi zilizopiga kabla ya 1951, na nyingine ambazo hazikuwahi kufika studioni, twazipata vinywani mwa wazee peke yake.

Sasa neno letu kwa makarani wenzetu. Jina hili la "zilipendwa" ni tamu, lakini twaliona la kivivu, maana lafunika mtunzi, bendi na mwaka kwa pamoja. Karani akiletewa barua isiyo na sahihi wala tarehe, aiweke katika jalada gani?

Wengi wenu mna baba au mjomba aliyepiga gitaa, ngoma au tarumbeta katika mji huu. Muulizeni angali hai: alipiga na nani, wapi, mwaka gani, na wimbo gani ulikuwa wake. Andikeni kwa wino, upande mmoja wa karatasi, mkamkabidhi Katibu kabla ya mkutano ujao. Ya kwetu, kurasa nne za mjomba wetu, tumekwisha kumpa leo.