Karatasi ya Ploti na Wapangaji wa Mfalme
(Maneno tuliyowapa wana-vikundi wa Kisumu Ndogo, Kibera)

Ndugu zetu, mlituuliza: je, tutoe akiba ya kikundi tumlipe yule bwana anayesema atatuletea karatasi ya ploti? Tuliahidi kujibu, na tutaanza na msomi mmoja, maana swali lenu lilimshughulisha miaka mingi.

Huyo ni marehemu Profesa Okoth-Ogendo, aliyefariki 2009. Alisoma sheria Dar es Salaam, kisha Oxford, halafu Yale huko Marekani, alikopata udaktari 1978. Alifundisha Chuo Kikuu cha Nairobi. Kwa cheo alikuwa mwanasheria, lakini maswali yake yalikuwa ya mchumi: sheria hii ya ardhi imemtajirisha nani, na imemfukarisha nani?

Wachumi wengi waliamini jambo jepesi. Mpe mkulima hatimiliki, ataenda benki, atapata mkopo, atastawi. Mpango wa Swynnerton wa 1954 ulijengwa juu ya wazo hilo. Hernando de Soto wa Peru alilirudia katika kitabu chake cha mwaka 2000, na Tanzania ikaanzisha MKURABITA 2004 kwa kumsikiliza yeye. Okoth-Ogendo hakukubali upesi hivyo. Hebu fikirini: shamba lina mama anayelima, wana wanaongoja kurithi, ndugu wanaochunga. Siku ya kuandikisha linaandikwa jina moja, la baba. Wale wengine je? Katika kesi ya Esiroyo, 1973, baba aliwashtaki wanawe wenyewe watoke shambani, na mahakama ikampa haki, kwa sababu jina kitabuni lilikuwa lake. Mila haikuwaokoa.

Kitabu chake cha 1991 kinaitwa Tenants of the Crown, yaani wapangaji wa Mfalme. Sheria ya 1915 ilimfanya Mwafrika mpangaji tu kwenye ardhi ya babu yake. Uhuru ulipokuja, nguvu zile za Mfalme hazikufa, zilihamia serikalini.

Na hapa kwetu? Wanubi, jamaa za askari waliokaa Kibera tangu mwanzo wa miaka ya 1900, walingoja hadi 2017 ndipo wakapewa hati ya ekari 288. Tena iliandikwa kwa jina la jamii, si la mtu mmoja. Njia hiyo ya ardhi ya jamii imo katika Katiba ya 2010, kifungu cha 63. Profesa alikuwa mmoja wa makamishna wa tume ya Yash Pal Ghai iliyoandika rasimu ya kwanza, ila hakuishi kuiona Katiba yenyewe.

Basi turudi kwa yule bwana. Barua ya chifu ya kuruhusu kujenga si hatimiliki, hata ikipigwa mihuri mitatu. Mwambieni aandike namba ya ploti, nasi twende nayo ofisi ya usajili wa ardhi tuone imeandikwa jina la nani. Akikataa kuandika, mmeshajibiwa. Na kama kweli kuna hati, ulizeni majina mangapi yataingia. La mwenyekiti peke yake? Akina mama wa kikundi, hapo msikae kimya!

Jumanne asubuhi tutafuatana nanyi. Mweka hazina asitoe hata shilingi kabla ya hapo.