Julian Bond na kiti alichonyimwa

(Haya ni maneno niliyoyasema kwenye semina ya vijana wa chama wikiendi iliyopita. Waliokosa nafasi wameniomba niyaandike. Nimeyaacha karibu kama yalivyotoka mdomoni.)



Nimeombwa nizungumzie mwanasiasa mmoja wa nje ambaye kijana wa upinzani anaweza kujifunza kitu kwake. Najua mlitegemea Mandela au Obama. Samahanini. Nimewaletea mtu ambaye hakuwahi kuwa rais, wala gavana, wala hata mbunge wa kule Washington. Miaka 20 ya ubunge wake yote aliimalizia kwenye bunge la jimbo la Georgia. Anaitwa Julian Bond.

Kwanza tuelewane maneno. Marekani kila jimbo lina katiba yake, gavana wake na bunge lake. Kwa hiyo leo nikisema jimbo, nina maana ya Georgia nzima. Hili ambalo sisi tunaliita jimbo la uchaguzi nitaliita eneo, tusije tukachanganyana.

Bond alizaliwa Nashville, Tennessee, mwaka 1940. Baba yake alikuwa msomi mkubwa, akaja kuongoza Chuo Kikuu cha Lincoln kule Pennsylvania, chuo kilekile alichosoma Kwame Nkrumah. Kwa hiyo huyu kijana hakutoka kwenye nyumba ya njaa. Angeweza kuchukua shahada yake akatulia. Lakini mwaka 1960, akiwa mwanafunzi wa Morehouse mjini Atlanta, yeye na wenzake wakaenda kukaa kwenye mgahawa wa jengo la halmashauri ya jiji, mahali ambapo mtu mweusi alikuwa hahudumiwi. Wakakamatwa. Mwaka uleule vijana wakaunda SNCC, wao wenyewe wakiitamka "Sniki", na baadaye Bond akapewa idara ya habari. Shahada ile alikuja kuimaliza 1971!

Kazi ya habari msiidharau, hasa ninyi mnaoshinda kwenye simu. Mwenzao akipigwa au akiwekwa ndani kwenye kamji fulani ka Mississippi, Bond ndiye aliyehakikisha magazeti makubwa yanajua. Gazeti la SNCC nalo lilikuwa mikononi mwake.

Na hapa kuna kipande kinachotuhusu. Desemba 1963 Oginga Odinga wa Kenya alipita Atlanta. Vijana wa SNCC wakaenda kumsalimia hotelini. Walipotoka wakaingia mgahawa wa jirani, wakanyimwa huduma kwa rangi yao, wakakaa palepale, wakapelekwa mahabusu. Fikiria: umetoka kuzungumza na kiongozi wa nchi iliyopata uhuru mwezi huohuo, na wewe kwenu kahawa hupewi.

Sasa tuje kwenye kiti. Mwaka 1965 mahakama zilikuwa zimelazimisha Georgia kuchora upya mipaka ya uchaguzi kufuata idadi ya watu. Yakapatikana maeneo mapya Atlanta, na Bond, umri miaka 25, akagombea eneo la 136. Kampeni yake ilikuwa nyumba kwa nyumba. Wakibisha hodi, wanamuuliza mama wa nyumba: ukiwa na mtu wako bungeni, ungependa afanye nini? Wakarudi na majibu: mishahara, nyumba, haki ya kupiga kura. Hiyo ikawa ilani. Akashinda kwa zaidi ya asilimia 80.

Kabla hajaapishwa, Januari 1966, kijana wa SNCC anaitwa Samuel Younge aliuawa kwa risasi Tuskegee, Alabama, katika ugomvi wa kutaka kutumia choo cha wazungu kwenye kituo cha mafuta. Alikuwa ametumikia jeshi la wanamaji. Siku tatu baadaye SNCC ikatoa tamko la kupinga vita ya Vietnam na kuunga mkono wanaokataa kuitwa jeshini. Mwandishi akamuuliza Bond: na wewe unakubaliana na hili? Angeweza kusema "nitatoa kauli baadaye", si mnawajua hao. Akasema ndiyo.

Tarehe 10 Januari wenzake wote wanaapa, yeye anaambiwa akae pembeni. Kamati ikaketi, ikamhoji. Akaeleza kwamba hajamshawishi mtu yeyote achome kadi yake ya kuitwa jeshini, na kwamba yake anayo. Kiapo yuko tayari kula, kile cha kulinda katiba, neno kwa neno. Haikusaidia. Kura zikapigwa: 184 wamkatae, 12 wamkubali. Na nawaombeni mkumbuke, bunge lile lilikuwa limejaa watu wa chama chake mwenyewe, Democrats.

Akaenda mahakamani, na miongoni mwa walioshtaki pamoja naye kama wapiga kura wa eneo lile alikuwamo Martin Luther King. Mahakama ya kwanza, majaji wawili kwa mmoja, ikawapa ushindi wabunge. Wakati rufaa inasubiriwa, gavana akaitisha uchaguzi wa kujaza nafasi. Bond akagombea tena, akashinda kwa kishindo. Kamati ikamwita afute kauli. Akakataa. Kiti kikabaki tupu. Uchaguzi mkuu wa Novemba ukafika, akashinda mara ya tatu.

Tarehe 5 Desemba 1966 Mahakama Kuu ya Marekani, majaji wote tisa kwa sauti moja, ikasema bunge limevunja katiba. Jaji Mkuu Earl Warren aliandika kwamba mbunge ana uhuru wa maoni kama raia mwingine, na wengi bungeni hawawezi kutumia kiapo kupima moyo wa mwenzao wasiyempenda. Januari 1967 akaapishwa.

Watu husimulia hii kesi kama ushindi wa mawakili. Mimi namwangalia yule mama aliyegongewa mlango. Mwaka mzima eneo lake halina mwakilishi. Jirani angemwambia, mchagueni basi mtu mpole tupate barabara. Na bado akarudi kwenye foleni mara ya pili, mara ya tatu, akaweka alama palepale.

Mambo ya 1968 nitayapitia haraka: mkutano mkuu wa chama Chicago, jina lake likatajwa kwa umakamu wa rais, akajitoa kwa sababu katiba inataka miaka 35 na yeye ana 28. Watu wakacheka, yeye akawa maarufu.

Nataka nikae kidogo kwenye 1986, maana na sisi kura za maoni ziko mlangoni. Bond, sasa yuko Seneti ya Georgia, alikuwa amepigana miaka ya mwanzo ya themanini kupata eneo la ubunge wa taifa Atlanta lenye weusi wengi. Likapatikana kwa nguvu ya mahakama. Kiti kilipokuwa wazi akagombea. Mpinzani wake? John Lewis, rafiki yake wa SNCC, waliyesafiri naye Guinea mwaka 1964, yule aliyepasuliwa kichwa na polisi Selma. Duru ya kwanza Bond akaongoza. Ya marudio ikawa chafu. Lewis akamtaka hadharani wapime mkojo kuona nani anatumia dawa za kulevya. Bond akakataa. Lewis akashinda kwa tofauti ndogo, akakaa Bungeni mpaka alipofariki 2020. Bond akatoka kwenye siasa za kugombea akiwa na miaka 46.

Walikuja kupatana, lakini miaka ilikuwa imeshapita. Bond akafundisha vyuoni, akawa mwenyekiti wa NAACP kuanzia 1998 mpaka 2010. Alipofariki Agosti 2015, Lewis alikuwa miongoni mwa waliomlilia hadharani.

Naulizwa kila mara, je, Lewis alikosea? Kugombea hakukosea hata kidogo, kiti hakina mwenyewe. Lile la mkojo, mimi nisingelifanya kwa mtu niliyelala naye mahabusu. Lakini naona kuna mikono juu huko nyuma, na wawili kati yenu najua mmechukua fomu za nafasi moja. Anzeni ninyi.