Uraia Ni Haki, Si Zawadi ya Sikukuu

(Hotuba iliyotolewa na wakili mmoja mbele ya wanaharakati na waumini waliokutana katika ukumbi wa kanisa)



Tumeombwa tuzungumze juu ya watu wanaoishi nchini bila hati. Tunashukuru kwa mwaliko huu, kwa sababu jambo hili kwa muda mrefu limeachiwa polisi na maafisa wa uhamiaji, kana kwamba halimhusu mwananchi wa kawaida. Sisi tunasema linamhusu. Serikali ikiwa na uwezo wa kumnyima jirani yako jina lake kwenye daftari la taifa bila kutoa sababu, hakuna kinachoizuia kukunyima na wewe.

Babu zetu walivishwa kipande. Sheria ya kikoloni ya mwaka 1915, iliyoanza kutekelezwa baada ya Vita Vikuu vya Kwanza, ilimlazimu mwanamume Mwafrika kubeba karatasi zake katika mkebe wa chuma ulioning'inia shingoni. Leo tunatumia neno lilo hilo, kipande, kwa kitambulisho cha taifa. Ila mambo yamegeuka. Zamani ilikuwa fedheha kukivaa. Siku hizi ni msiba kukikosa. Asiye nacho hapigi kura, hafungui akaunti benki, hasajili laini ya simu kwa jina lake, hamiliki shamba alilolilima tangu ujana. Akishikwa njiani na kushtakiwa kuwa yumo nchini kinyume cha sheria, sheria ya mwaka 2011 inaruhusu atozwe faini ya hadi shilingi 500,000 au afungwe hadi miaka mitatu, au yote mawili. Naye mtoto wake hurithi tabu hiyo pamoja na jina la ukoo.

Ni nani hawa? Wahenga walisema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Wapo wageni waliopewa jembe hilo wakalilima hadi wakazikwa hapa. Wamakonde walitoka Msumbiji kuanzia miaka ya 1930, wakaja kufanya kazi katika mashamba ya mkonge na miwa ya Pwani, na wengi wakawa wakazi wa Kwale, mafundi wa kuchonga vinyago. Wapemba walivuka bahari wakifuata samaki, wakaweka makao Kwale na Kilifi. Washona walikuja kutoka Rhodesia, ambayo leo ni Zimbabwe, wakiwa wahubiri wa Injili. Wengi wao walikaa Kiambu na kujipatia riziki kwa useremala na kusuka vikapu. Ndugu waumini, hao wa mwisho waliletwa na neno la Mungu, kisha watoto na wajukuu wao wakakaa zaidi ya nusu karne bila kutambuliwa na nchi yoyote.

Sasa tuitazame sheria, maana hapo ndipo penye kiini cha mambo. Katiba tuliyopata wakati wa uhuru ilisema kwamba mtu aliyezaliwa Kenya baada ya tarehe 11 Desemba 1963 ni raia kwa kuzaliwa, isipokuwa wachache kama watoto wa mabalozi. Mwaka 1985, Bunge la chama kimoja liliibadilisha Katiba. Likasema kuzaliwa hapa hakutoshi. Ni lazima mmoja wa wazazi awe raia. Tena halikusema hivyo kwa wale watakaozaliwa kesho. Lilirudisha sharti hilo nyuma hadi siku ya uhuru. Kijana aliyezaliwa Kwale mwaka 1964 na wazazi wasio raia alikuwa na umri wa miaka 21. Hakuitwa mbele ya hakimu, hakuulizwa neno, hakuondoka kijijini kwake. Yeye hakuhama, sheria ndiyo iliyohama ikamwacha nje.

Mnapoambiwa kwamba watu hawa ni wahamiaji haramu, kumbukeni mwaka huo wa 1985. Uharamu mwingine huingia nchini kwa kupita mpakani, na mwingine hutungwa Bungeni.

Tulipopata Katiba mpya mwaka 2010, tulidhani kidonda hiki kitapona. Katiba hiyo, katika heshima ya utu na katika haki za aliyekamatwa, hutaja kila mtu, haitaji raia peke yake. Inasema pia kwamba kila mtoto ana haki ya kuwa na jina na uraia tangu kuzaliwa. Mwaka uliofuata Bunge lilipitisha sheria ya uraia na uhamiaji. Vifungu vya 15, 16 na 17 vilimfungulia mlango mtu asiye na uraia wa nchi yoyote aliyekuwapo Kenya tangu tarehe 12 Desemba 1963, na mhamiaji aliyefika kabla ya siku hiyo, pamoja na vizazi vyao. Masharti hayakuwa ya ajabu: mtu ajue Kiswahili au lugha nyingine ya hapa, asiwe amehukumiwa kifungo cha miaka mitatu au zaidi, na awe amekusudia kuishi hapa daima.

Lakini mlango huo ulipewa muda wa miaka mitano tu, yaani hadi Agosti 2016, pamoja na ruhusa ya kuongezwa mitatu. Mvuvi asiyesoma gazeti la serikali angejuaje? Na mzee ambaye hakuwahi kupewa cheti chochote angethibitishaje kwamba alikuwapo mwaka 1963? Mlango ulikuwa wazi kitabuni, na ofisini umefungwa.

Kilichoufungua hakikuwa kitabu. Mnamo Oktoba 2016, Wamakonde walianza safari kwa miguu kutoka Kwale kuelekea Nairobi, wakafika Ikulu. Rais Uhuru Kenyatta akaagiza wapewe vitambulisho kabla ya Desemba mwaka huo, na mapema mwaka 2017 vikaanza kutolewa. Tarehe 12 Desemba 2020, katika Sikukuu ya Jamhuri, ikatangazwa kwamba Washona 1,670 na watu 1,300 wenye asili ya Rwanda watapewa uraia. Julai 2023, huko Kilifi, Rais William Ruto akawatambua Wapemba.

Tunafurahi pamoja nao. Tunawaheshimu wale wazee waliotembea juani hadi miguu ikavimba. Hata hivyo, sisi tuliopigania mageuzi hatuwezi kunyamaza. Je, tuliipinga nchi ya mtu mmoja kutoa na mtu mmoja kunyima, ili turudi kupiga makofi kila anapotoa? Yule ambaye jamii yake ni ndogo mno kufanya maandamano, mjane wa mhamiaji asiyejua njia ya Ikulu, kijana aliyekulia mtaani wala hajui kabila la babu yake, hao watatajwa katika sikukuu ipi? Haki inayosubiri sherehe ni hisani. Na muda ule wa sheria, hata baada ya kuongezwa, ulikwisha Agosti 2019.

Mfano mwingine ni wa wenzetu wa kaskazini. Kwa miaka mingi, kijana wa kaunti za mpakani, aliye raia kwa kuzaliwa, alihojiwa na kamati za wazee na maafisa kabla ya kupata kitambulisho, hali mwenzake wa kwingineko hakuhojiwa hivyo. Februari 2025, huko Wajir, Rais alitangaza mwisho wa utaratibu huo. Ni jambo jema. Lakini kinachoondolewa kwa tamko chaweza kurudishwa kwa tamko.

Tunajua jibu tutakalopewa: usalama. Hatulibezi neno hilo; tumezika ndugu zetu waliouawa na magaidi. Twauliza tu, ni yupi aliye rahisi kumjua, mtu aliyeandikwa jina, picha na alama za vidole, au yule anayejificha kila aonapo sare? Na ukimfukuza mtu aliyezaliwa Kwale, baba yake akazaliwa Kwale, utamsafirisha hadi wapi? Mpaka lazima ulindwe, lakini aliyeishi ndani yake tangu kabla ya bendera kupandishwa si mvamizi.

Kumbukeni Mtume Paulo alipokuwa mikononi mwa askari huko Yerusalemu. Kamba zilikuwa tayari na mjeledi tayari. Alipouliza kama ni halali kumpiga Mrumi ambaye hajahukumiwa, wale askari waliondoka kwa hofu. Jemadari wao alikiri kwamba yeye aliununua uraia wake kwa fedha nyingi. Paulo alikuwa amezaliwa nao. Leo pia kuna raia wa kununua, na kuna wanaozaliwa hapa wakapigwa kwa kukosa la kujibu. Kanisa haliwezi kuisoma sura hiyo Jumapili kisha Jumatatu likafumba macho.

Kwa hiyo tunadai mambo matatu. Kwanza, Bunge liufungue tena mlango wa vifungu vile, na safari hii usiwekewe tarehe ya kufungwa. Pili, ushahidi wa wazee wa kijiji, daftari la ubatizo na kumbukumbu za shule vikubaliwe pale ambapo cheti hakikutolewa. Tatu, afisa anayemnyima mtu hati atoe sababu kwa maandishi, kama Kifungu cha 47 cha Katiba kinavyoagiza, ili mnyimwaji aweze kwenda mahakamani.

Nanyi waumini, kazi yenu ya kwanza iko kabatini mwa parokia. Daftari za ubatizo na za ndoa za miaka ya hamsini na sitini zisiliwe na mchwa. Huenda jina lililoandikwa humo na katekista aliyekwisha kufa ndilo ushahidi pekee uliobaki duniani kwamba mtu fulani alikuwapo hapa. Zitafuteni, zihifadhini, na mwenye jina akija, mpeni nakala yake.