Lita Zinapopotea, Nani Alipe?

Wasindikaji wa zabibu hapa Dodoma wanajua kuwa mchuzi haukai ulivyo. Fungua pipa baada ya miezi kadhaa: kina kimeshuka, kiasi kimepaa hewani, kingine kimebaki kwenye machicha. Kwenye mitambo ya kukeneka pombe kali ni hivyohivyo. Je, lita zisizofika sokoni zilipiwe ushuru wa bidhaa?

Mwenye kiwanda husema, sikuuza. Mkaguzi wa Mamlaka ya Mapato Tanzania (TRA) huuliza, tutajuaje hazikupitia mlango wa uani? Wote wana hoja. Lakini katika rufani za kodi, mzigo wa kuthibitisha humwangukia mlipakodi. Ana siku 30 za kuweka pingamizi. Asiporidhika na uamuzi, kuna Bodi ya Rufani za Kodi, kisha Baraza la Rufani za Kodi, mwisho Mahakama ya Rufani, inayosikiliza hoja za kisheria tu.

Stempu za kielektroniki zilizoanza 2019 huhesabu chupa, mvuke hazihesabu. Basi kinga ni kupima kila pipa, kuandika, na kumwita mkaguzi siku ileile linapovuja. Wahenga walishasema: mali bila daftari hupotea bila habari.