Jembe na Mukono wa Mwenye Kulima

Maneno kwa watu wa mugini, mbele ya mvua ya kwanza



Leo sitasema juu ya mbegu, wala juu ya mbolea. Ninataka kusema juu ya kitu munachoshika kila siku na hamukitazami tena: jembe. Na zaidi ya jembe, mupini wake.

Mwaka uliopita niliona shamba la mama moja, njia ya Kambove. Mume wake anafanya kazi ya mungoti Likasi, anarudi mugini siku chache tu kwa mwezi. Mama huyu si muvivu. Lakini mvua ilianza Novemba, na mwisho wa Desemba nusu ya shamba lake ilikuwa bado majani. Majirani walisema maneno mabaya juu yake. Nikamwomba alime mbele yangu. Alipiga jembe mara kumi na tano, akasimama, akashika kiuno. Nikachukua lile jembe: chuma kizito, mupini munene, vidole vyake haviwezi kuuzunguka. Lilikuwa jembe la mume. Mume ni mutu murefu sana, na muke anafika chini ya bega lake. Basi alikuwa analima na chombo cha mwili mwengine. Mahindi aliyopanda nyuma yalikatiwa mvua mbele ya kukomaa. Franka za mume ziliishia sokoni, kununua unga.

Zamani mambo haya hayakuwa hivi. Mutu aliyetaka jembe alikwenda kwa fundi wa chuma, akasimama mbele yake, na fundi alimwona kama ni murefu ao mufupi. Union Minière ilianza mwaka 1906, na gari la moshi lilifika Lubumbashi mwaka 1910. Majembe ya Ulaya yakaja na magari yale. Chuma chake kizuri, sikikatai. Lakini fundi wa Ulaya hajamwona muke wako. Jembe la duka linatoka kwa kipimo cha mutu asiye na jina, na kazi ya kulipatia mwenyewe ni kazi yetu.

Sasa tazameni. Mimi ninapima hivi. Jembe la kufanya matuta, mwenye nalo asimame wima, mupini ufike kiunoni pake. Jembe jepesi la kupalilia, mupini ufike kwapani, ili apalilie bila kukunja mugongo. Kiuno chake mwenyewe, si cha mume wala cha mukwe. Watu wengine wanapenda mupini mufupi zaidi kwa sababu mama zao walilima vile. Sigombani nao, kama mugongo hauwaumi.

Lakini hapa kuna mutego, na mimi mwenyewe niliingia. Nilimfanyia shangazi yangu mupini murefu, nikafurahi. Siku ya pili akaniambia: «Mwanangu, jembe lako linakwaruza inchi kama kuku.» Alisema kweli. Mutu akiinama na mupini mufupi, mupini unalala karibu na udongo, na chuma kilichofungwa kuelekea mukono kinaingia vizuri. Akisimama wima, mupini unapanda juu, na chuma kile kile kinalala, kinateleza juu ya udongo. Kwa hiyo ukiongeza urefu wa mupini, sharti ufungue kinywa cha jembe, maana yake chuma kiende mbali kidogo na mukono. Jembe la mukia, utoboe tundu jipya kwa mwinamo mwengine. Jembe la jicho, upeleke kwa fundi achome shingo tu na kulipinda polepole. Afunge makali na kitambaa chenye maji, kwa sababu makali yakipata moto mwingi yanakuwa laini, na utanoa kila saa.

Juu ya muti: mubanga ni muzuri, haupasuki upesi. Ukate mapema, uuweke chini ya dari, pahali moshi unapopita, miezi miwili ao mitatu. Watu wengi wanachonga muti mubichi leo, na kesho wanalima. Muti ukikauka unapungua, na jembe linaruka. Halafu wanalitumbukiza katika maji usiku. Asubuhi linakaza, ndiyo. Lakini muti ulivimba ndani ya chuma na kujibana. Ukikauka tena unapungua kuliko mbele. Nimeona jembe lililoruka na kupiga mutoto aliyefuata mama yake katika tuta. Alipona, lakini jicho moja halioni vizuri.

Unene: ushike mupini, ncha za vidole zikaribie kiganja bila kubana. Usiuchonge duara kabisa. Uufanye kama yai, na mukono utajua chuma kinatazama wapi bila macho kutazama. Ukwangue na kipande cha chupa, upake mafuta kidogo, basi. Rangi haifai, inatoa malengelenge.

Na jembe la zamani lililolika, lisitupwe. Chuma kimepungua, kwa hiyo ni jepesi: linafaa kwa bibi muzee kupalilia karanga, na kwa mutoto anayejifunza. Mutoto asipewe jembe la baba na kuchekwa kwa sababu hawezi kuliinua.

Kesho asubuhi nitakaa chini ya ule mwembe pamoja na fundi. Nina miti sita iliyokauka, haitatosha wote, kwa hiyo waanze wamama wasiolima na mutu mwengine. Wababa, musilete jembe la muke wenu peke yake na kusema «yeye ni murefu hivi». Aje mwenyewe, asimame, tumupime.